Daftari la Vipimo

Sabini na mbili. Bibi harusi. Kiuno ishirini na nne.
Ncha ya penseli ilikatika hapo, doa lipo mpaka leo,
maana nilipomzungushia futi aliruka akacheka:
"Fundi, mikono yako imetoka Uporoto bila sweta!"
Gauni lilikuwa mapazia ya ofisi ya bwana shamba.
Aliyeyaiba ni mimi.

Sabini na nane. Mama mjamzito. Ishirini na saba,
bila kuhesabu mto wa sufi niliombana nao tumboni.
Tukuyu, ukumbi wa mabati, mvua ya Aprili
isiyojua kubisha hodi.
Ilishuka ikameza maneno yote.
Wenzake wakasimama wakitazama dari,
yeye akaendelea. Kwa mabega. Kwa vidole.
Kwa namna alivyoikunja kanga,
akaikunja tena, ikawa mtoto.
Neno hatukusikia hata moja,
na wanaume wa ushirika wa kahawa walijipangusa nyuso
kana kwamba paa linavuja.

Kisha kurasa tupu: miaka ya redio.
Sauti haina kiuno.
Nilimsikiliza nikikata suruali za wanafunzi,
mguu wa kushoto nikaukata mfupi.

Tisini na sita. Mama mkwe. Thelathini na nne.
Zilikuja kamera za kubeba begani
na kanda zikauzwa Mwanjelwa, kando ya viazi.
Alimnyima mkwewe chakula kwa ustadi ule
hata muuza nyanya wa Soweto akamgomea:
"Kamrudishie kwanza yule binti sufuria yake!"
Akaingia dukani kwangu na kikapu kitupu,
anang'aa kama mtu aliyelipwa deni la zamani.

Marehemu. Ukurasa huu hauna vipimo,
sanda moja imemtosha mara tisa.
Marikani pana, pindo la harakaharaka.
Kila alipokwisha kufa niliifua, nikaianika
mbele ya duka, hapa Sokomatola.
Mara ya nne mzee Mwashiuya akavuka barabara
na pole zake na debe la mahindi.
Nikamweleza. Pole akaondoka nazo,
mahindi akayaacha kwa aibu.
Tuliyala wote, marehemu akiwemo.

Watu hunijia wakitaka mengine.
Mume wa kwanza alikwendaje? Ile nyumba ya Forest ni ya nani?
Ninayajua. Lakini aliyemshika mtu kiuno miaka hamsini
hujifunza kufumba mdomo;
na zaidi, mdomo wa fundi umejaa pini.

Juzi amekuja. Julai, ukungu umemvua Loleza kichwa.
Ana mjukuu, na fimbo ambayo si ya mchezo.
Wanataka kumpa heshima, Ijumaa, mbele ya wakubwa,
na televisheni itakuwepo.
"Nipime."
Nikalamba penseli, nikauliza kama siku zote:
"Ni nani safari hii?"
Nesi? Malkia? Yule mlevi wa pombe ya ulanzi
aliyetuchekesha Iringa hadi benchi likavunjika?
Akanyamaza. Cherehani ya kijana wangu
ilikwenda ikarudi, ikakata uzi.
"Andika Tusekile."

Nikafunua nyuma, nikafunua mbele.
Wake, wachawi, wajane, bibi harusi wa mapazia,
na jina hilo halimo popote.
Nikaliandika polepole, kama mtoto wa darasa la kwanza.

Kiuno thelathini na nane. Urefu umepungua.
Bega la kushoto limeshuka inchi nzima,
vilevile alivyolishusha akiigiza mabibi
tangu yeye mwenyewe ni msichana.
Nikasimama na futi mkononi,
nikasubiri alinyanyue.

Mjukuu akapiga chafya.
Nikaandika: bega la kushoto, ongeza sponji.